Wamama wapiga ngoma wa Butare

Wamama wapendwa, juma hili tutoke kidogo mtaani kwetu, tuvuke mpaka hadi Butare, mji wa chuo kikuu kule Rwanda, ambao siku hizi unaitwa Huye. Najua wengine watakunja uso wakisikia tu jina la nchi ile. Someni kwanza.

Zamani kule, ngoma kubwa ilikuwa ya mfalme, na wapigaji ni wanaume. Mwanamke hakuigusa. Wengine walisema ni nzito mno kwake (sisi tunaobeba gunia la muhogo na mtoto mgongoni tucheke tu). Mwaka 2004, Odile Gakire Katese, mtungaji wa michezo ya kuigiza aliyezaliwa hapa kwetu Congo, akakusanya wanawake na kuanzisha kikundi cha Ingoma Nshya, maana yake ngoma mpya. Ilikuwa miaka 10 tu baada ya mauaji ya 1994. Ndani yake mlikuwa wajane na mayatima; mlikuwa pia wake na binti za wanaume walioshiriki mauaji yale yale.

Fikirini hapo. Mjane anasimama bega kwa bega na mke wa mfungwa. Ngoma haikulazimishi useme umesamehe. Inadai fimbo mbili na sikio, maana mdundo unaharibika mara moja usipomsikiliza aliye karibu nawe.

Kiisha, mwaka 2010, wakafungua duka la aiskrimu, Inzozi Nziza, ndoto nzuri, wakisaidiwa na wanawake wawili wenye duka kama lile Brooklyn, Marekani. Wengi wa wale wamama walikuwa hawajaionja hata siku moja!

Kwa nini naandika hayo? Juu mzazi mmoja aliniomba nimtoe mtoto wake kwenye benchi, sababu anayekaa naye ni wa "watu wale". Nilikataa. Watoto hao wawili wanagawana kalamu za rangi na wanachora nyumba zilezile. Maneno yale yanatoka jikoni kwetu, tunapozungumza tukidhani wamelala. Sisemi tusahau wafu wetu. Lakini mtoto wa miaka 8 anadaiwa nini?

Kwenye mkutano wa siku ya posho, kila mama alete wimbo mmoja wa kubembeleza mtoto aliojifunza kwa jirani wa kabila lingine. Nitaandika maneno kwenye daftari, niyafundishe darasani. Mwenye ngoma, aje nayo.