Mashine ya kifua imesema ndiyo: wagonjwa ni wangapi?

Kijana mmoja wa kazi ya siku kwa siku alitufikia na karatasi mkononi. Walimpiga picha ya kifua, kompyuta ikaisoma, ikasema kuna alama ya kifua kikuu. Kesho yake mkubwa wa timu akamwambia abaki nyumbani. Makohozi yake hakuna aliyeyapima. Nyumbani wakaanza kutenga sahani yake. Swali lake ni hili: «Banasema ile mashine inaona bagonjwa tisa juu ya kumi. Basi mimi niko mugonjwa tisa juu ya kumi?»

Hapana. Karibu wote wanaoshuka shimoni ni wanaume, lakini si kusema karibu wanaume wote wa mji wanashuka shimoni. Vilevile, kati ya wagonjwa mashine inaonyesha tisa juu ya kumi; kati ya walioonyeshwa, wagonjwa ni wangapi? Hayo ni maswali mawili, na kijana wetu alipewa jibu la lile la kwanza.

Tufanye hesabu, bila fomula. Tangu 2021 Shirika la Afya Duniani (OMS) limekubali kompyuta isome picha za kifua za watu wa miaka 15 na zaidi. Kipimo cha kuchuja namna hii OMS inakitaka kikamate angalau wagonjwa 90 juu ya 100, na kiwaache angalau wazima 70 juu ya 100. Maana yake wazima 30 juu ya 100 wanaweza kuitwa bure, na bado kipimo kikahesabiwa kizuri!

Tuchukue wachimbaji 1000. Tuseme 20 kati yao wana kifua kikuu. Hiyo ni namba ya mfano tu. Mashine inakamata 18, inapitwa na 2. Wazima ni 980. Juu yao mashine inasema ndiyo kwa 294. Walioitwa wote ni 312, na wagonjwa wa kweli kati yao ni 18. Mmoja katika 17, karibu. Kijana wetu yuko katika wale 312, na hiyo njo hali yake: watu 16 katika 17 wenye karatasi kama yake hawana kifua kikuu.

Na kwetu sisi wa mawe kunaongezeka jambo. Vumbi la mwamba likikaa miaka mingi ndani ya mapafu linaacha makovu (silikozi), na aliyewahi kuugua kifua kikuu akapona anabaki na makovu pia. Kompyuta inaweza kuyachukua yote kama ugonjwa. Lakini silikozi yenyewe inamfungulia kifua kikuu mlango, kwa hiyo mchimbaji wa zamani asiseme «ni vumbi tu».

Sasa wale 312 wapimwe makohozi kwa mashine ya GeneXpert. Tuseme inakamata wagonjwa 85 juu ya 100, na inakosea kwa wazima 2 juu ya 100. Kati ya 18 itaonyesha karibu 15. Kati ya 294 wazima, karibu 6. Walioonyeshwa mara mbili ni 21, na 15 ni wagonjwa kweli. Tumetoka mmoja katika 17, tukafika watano katika saba. Hapo muganga ana sababu ya kuanza dawa. Mbele ya hapo, mkubwa wa timu hana sababu ya kumfukuza mtu. Anayo sababu moja tu, ya kumpeleka apimwe makohozi siku ileile. Sisi tunaona kumwondoa mtu kazini kwa picha peke yake ni kumlipisha kosa la chujio. Tena wenzake wataona, na kampeni ijayo watakimbia picha. Wagonjwa wa kweli watabaki wanakohoa ndani ya shimo.

Wamama wanaweza kuuliza: na sisi tusioshuka? Tuseme kwenye mtaa wagonjwa ni 10 tu katika 1000. Mashine ileile inakamata 9, inaita wazima 297: mmoja katika 34. Mashine haikubadilika, watu wanaopimwa njo wamebadilika.

Na walioambiwa hapana? Katika hesabu ya wachimbaji ni 688, na ndani yao kuna wale 2 waliopita. Mwenye kikohozi cha wiki mbili, homa ya jioni au kukonda, asitegemee karatasi hiyo. Aende kwenye CSDT ya karibu. Dawa za kifua kikuu ni bure, na ule wa kawaida unatibiwa kwa miezi sita. Kijana wetu tulimwelekeza huko na karatasi yake, na tulimwomba mama yake airudishe sahani mezani wakati wanangoja jibu la makohozi.