Nairobi yatoa sura, muziki watoka ng'ambo

Kila wageni wajapo Nairobi kupiga filamu, twafurahi, na tuna haki ya kufurahi: madereva hupata kazi, maseremala na washonaji vilevile. Lakini muziki wa filamu hizo hutungwa wapi, na nani?

Tuchukue Out of Africa ya mwaka 1985, iliyopigwa katika vilima vya Ngong na pande za Karen. Ilitwaa tuzo 7 za Oscar, mojawapo ikiwa ya muziki, nayo akakabidhiwa Mwingereza John Barry. Sina ugomvi na Barry. Alikuwa fundi stadi. Hata hivyo, katika filamu iyo hiyo kijana mmoja wa hapa, Job Seda, aliigiza nafasi ndogo ya Kanuthia. Tangu 1979, alipokuwa miongoni mwa waasisi wa bendi ya African Heritage jijini, alijulikana kwa muziki. Wageni walimwajiri kwa sura yake.

Mwaka 1986 alikwenda London, akawa akipiga nyatiti, ile ala ya Waluo ya nyuzi 8, katika vituo vya treni za chini ya ardhi, akitupiwa sarafu na wapita njia. Ulimwengu ukaja kumjua kwa jina la Ayub Ogada. Mwaka 1993 kampuni ya Real World, ya mwanamuziki Peter Gabriel, ilitoa albamu yake En Mana Kuoyo, yenye wimbo Kothbiro, yaani mvua yaja. Mwaka 2005 wimbo huo ukasikika katika The Constant Gardener, filamu iliyopigwa kwa sehemu Kibera. Mtungaji mkuu wa muziki wake alikuwa Mhispania, Alberto Iglesias. Hebu tazama, msomaji: ili sauti ya nyatiti isikike katika filamu ya Kibera, ilibidi kwanza ipitie Uingereza! Ogada alifariki Februari 2019 huko kwao Kisumu.

Watakuwapo watakaosema kuwa watungaji wetu hawajazoea kazi hii ya kupima muziki kwa sekunde na kuufuatisha picha. Huenda ni kweli, lakini watazoeaje wasipoitwa? Chuo cha muziki, Kenya Conservatoire, kimekuwako jijini tangu 1944, jirani kabisa na Jumba la Michezo ya Kuigiza la Taifa. Vijana wasomao nota hawakosekani, na wapiga nyatiti wangalipo.

Serikali ndiyo itoayo vibali vya kupiga filamu, na tangu 2005 tunayo Tume ya Filamu. Basi wahusika waongeze sharti moja: mtungaji wa hapa aketi pamoja na yule mgeni tangu mwanzo, jina lake litajwe katika mkataba, na malipo yake, pamoja na haki zake kila filamu ionyeshwapo, yaandikwe kabla kamera ya kwanza haijatolewa sandukuni.