Matusi yaachwe kwenye filamu

Filamu fupi ikionyesha mtu akitukana, utasikia: likatwe hilo, linaharibu maadili yetu. Imani hiyo imezoeleka hata haihojiwi tena. Naipinga.

Nyololo, wilayani Mufindi, tarehe 2 Septemba 2012. Polisi wanawatawanya wafuasi wa CHADEMA waliokusanyika kufungua tawi. Daudi Mwangosi wa Channel Ten, mwenyekiti wa klabu ya waandishi wa habari Iringa, anazingirwa na askari. Picha zilizopigwa zinamwonyesha katikati ya sare na virungu. Kisha bomu la machozi likafyatuliwa kwa karibu, likampasua tumbo. Mwaka 2016 Mahakama Kuu ilimfunga askari mmoja miaka 15 kwa kuua bila kukusudia.

Picha hizo hazina tusi hata moja, na sijaona jambo chafu kuzidi hilo.

Sasa kijana wa Mafinga atake kuigiza dakika zile. Anayepiga, anayepigwa na anayekimbia hawaongei kama wasoma taarifa ya habari. Ukiwasafisha vinywa, umewasafisha na mikono. Tena Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 ilitaka maombi ya kibali cha kupiga filamu yaambatane na maneno yote yatakayosemwa. Filamu ya majaribio itayatoa wapi? Nyingi huzaliwa mezani kwa mhariri, baada ya watu kuachwa waseme yaliyo moyoni. Kijana hatasubiri kukataliwa. Yeye mwenyewe ataifuta sehemu ya askari, nyumbani, kabla hajaomba chochote.

Kenya mwaka 2014 bodi yao ya filamu iliipiga marufuku Stories of Our Lives, filamu fupi tano zilizounganishwa, kwa madai ya uchafu na kueneza mapenzi ya jinsia moja. Muda si mrefu mtayarishaji wake akakamatwa kwa kupiga filamu bila kibali. Kilichoogopwa ni maisha ya watu wa filamu hiyo, wala si lugha yao.

Na msiniambie lugha kali ni ya kigeni. Mhehe na Mngoni ni watani. Msibani mtani humsema marehemu mbele ya jeneza, wafiwa wakacheka na machozi yao, na hakuna mzee aliyewahi kudai maadili yamekufa.

Watoto walindwe, hilo sibishani. Bodi yetu ya filamu ipange umri, uandikwe kwenye bango, mwenye ukumbi azuie mlangoni. Mtu mzima aliyeyaona ya Nyololo kwa macho yake hana haja ya kuzibwa masikio.