Ugonjwa wa Ngeli
Kwa wanaonisoma mara ya kwanza: mimi ni wakili wa kodi, Dar es Salaam, na nina ugonjwa wa kusahihisha sarufi, hata ya ubao wa mama ntilie. Mke wangu keshachoka. Lakini hebu litazameni neno ‘kodi’: halibadiliki, iwe moja au kumi, kiambishi ndicho kinachotoboa siri. ‘Kodi inayodaiwa’ ni moja. Ikiandikwa ‘zinazodaiwa’, mteja hushika kichwa. Tena kodi ni ya serikali na ni ya mwenye nyumba pia. Tangu sheria ya 2021 ikifanye Kiswahili kuwa lugha ya mahakama zetu, nafurahi kama mtoto siku ya Idi. Ila aliyeandika ‘masaa’ kwenye mkataba niliousoma jana, tutaonana.