Mkataba Umekwisha: Je, Mfanyakazi wa Muda Serikalini Ana Haki ya Kuendelea na Kazi?



Tukenda Dar es Salaam tukaswali Ijumaa Msikiti wa Mtoro, Kariakoo, aghlabu hutujia kijana wa Unguja au Pemba na suala moja. Amefanya kazi ya muda katika ofisi ya Serikali, mkataba umeongezwa mara mbili, mara tatu, kisha anaambiwa muda wake umekwisha. Wazee nyumbani wanamuusia subira. Subira ni ibada, lakini sheria imempa siku 30 tu za kudai, na wengi huzimaliza barazani.

Tuanze na dini. Katika Suratul-Qaswas, aya ya 27, Nabii Muusa ('alayhis-salaam) alipewa kazi ya miaka minane, na kutimiza kumi kukaachiwa hiari yake. Muda ulijulikana, na nyongeza haikuwa wajibu. Basi mkataba ukifika mwisho bila ya ahadi yoyote, muajiri hakudhulumu, na kijana asimuombee mabaya. Lakini aliyeahidi kuongeza ana deni, kwani aya ya kwanza ya Suratul-Maaidah inatuamuru kutimiza mikataba.

Sheria ya Tanzania Bara haiko mbali na hapo. Wingi wa miaka peke yake haumfanyi wa muda kuwa wa kudumu. Hata hivyo, Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inahesabu kuwa ni kuachishwa kazi pale muajiri anapokataa kuongeza mkataba ambao mfanyakazi alikuwa na matarajio ya haki kuwa utaongezwa. Kanuni za mwaka 2007 zinamtaka mfanyakazi athibitishe matarajio hayo, kwa mfano kwa mikataba iliyokwisha kuongezwa nyuma au ahadi ya muajiri. Pia, akiachwa aendelee na kazi baada ya muda kwisha, mkataba unaweza kuhesabiwa umeongezwa. Ama aliyefanya kazi chini ya miezi sita, kinga ya kuachishwa isivyo haki haimfikii.

Aende wapi? Marekebisho ya mwaka 2016 yanamtaka mtumishi wa umma amalize kwanza ngazi za ndani za utumishi. Lakini Sheria ya Utumishi wa Umma haihesabu kuwa ofisi ya utumishi wa umma ile kazi inayolipwa kwa saa, kwa siku au kwa mkataba wa muda. Kwa tafsiri hiyo, mlango wa mfanyakazi huyu ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Siku 30 zikipita, atalazimika kuomba aongezewe muda kwa sababu za msingi, na anaweza kukataliwa.

Familia zielewe pia kwamba Zanzibar ina sheria yake ya ajira ya mwaka 2005. Aliyeajiriwa Kariakoo hufuata sheria ya Bara, hata kama kwao ni Wete.

Jina la Kariakoo lenyewe limetokana na Carrier Corps, wapagazi wa Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza. Nao walikuwa watu wa kazi ya muda ya Serikali. Makumi ya maelfu walikufa, wengi kwa maradhi, na ujira wa wengi wao haukuwafikia warithi.

Kwa hiyo tunawausia vijana wetu: hifadhini kila mkataba, barua, hati ya mshahara na ujumbe wa simu wenye ahadi. Dai kwa adabu, dai kwa ukweli, wala usidai usichoahidiwa. Nanyi wazazi, mtoto akipiga simu na khabari hiyo, muulizeni kwanza: barua umeipokea tarehe ngapi?

Na Allaah Anajua zaidi.