Polisi Wakikataa, Hakimu Yupo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumze na wananchi wenzangu juu ya wizi unaoripotiwa polisi ukaishia hapo hapo.

Mzazi mmoja kijijini kwetu huuza mboga kwa baiskeli. Mwaka 2024 iliibwa. Baada ya wiki mbili aliiona kwa kijana wa kijiji jirani, akaitambua kwa namba ya fremu iliyo kwenye risiti yake. Alikwenda kituo cha polisi mara tatu. Kwanza aliambiwa hakuna usafiri, kisha atoe pesa ya mafuta, mwisho kwamba jambo ni dogo, wakamalizane nyumbani. Vijana wa kijiji walikuwa tayari kumalizana kweli, kwa fimbo na mawe. Tungezika mtu kwa ajili ya baiskeli.

Wengi wetu tunadhani polisi akikataa, kesi imekufa. Sivyo. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 inamruhusu mtu yeyote mwenye sababu za msingi za kuamini kwamba kosa limetendeka kupeleka malalamiko kwa hakimu. Mahakama ya Mwanzo nayo hupokea malalamiko ya mwananchi, kwa mdomo au kwa maandishi. Hakimu akiridhika, humwita mshtakiwa kwa samansi au hutoa hati ya kumkamata. Mzazi yule alikwenda na risiti na mashahidi wawili. Kijana aliitwa, na baiskeli ikaletwa mahakamani kuwa kielelezo.

Lakini tusidanganyane. Katika njia hii mlalamikaji ndiye anayebeba mzigo wa mashahidi, nao ni wakulima wanaoacha jembe siku nzima. Tena, aliyeibiwa usiku na mtu asiyemjua hana wa kumshtaki. Huyo hana budi kutegemea upelelezi wa polisi. Kwa hiyo haki ya kwenda kwa hakimu isiwe kisingizio cha polisi kukaa kitako.

Kituo kikikataa, tusiondoke kimya. Tupeleke barua kwa Mkuu wa Polisi wa Wilaya, kisha kwa Kamanda wa Mkoa, tukibaki na nakala. Ipo pia Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ambayo hupokea malalamiko dhidi ya watumishi wa umma.

Mwaka 2023 Tume ya Rais chini ya Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman ilikabidhi taarifa yake juu ya taasisi za haki jinai. Naomba wahusika waongeze jambo moja dogo: askari anayekataa lalamiko aandike sababu, aweke sahihi, na mlalamikaji apewe nakala. Neno la mdomo ni rahisi kulikana. Karatasi ingemfanya askari afikiri mara mbili, na hakimu angejua pa kuanzia.

Mwalimu wa Shule ya Msingi,
Dodoma.