LUKU Inamjua Mpangaji, Fidia Haimjui

Dodoma ikipata mradi, kilio kinachofika redioni ni cha mwenye eneo: kawekewa X ukutani, kasubiri, kapunjwa. Kilio hicho sina ugomvi nacho. Ugomvi wangu unaanza siku hundi inapotoka, mwenye nyumba anapoipeleka benki kisha anarudi kumwambia mpangaji, "Mdogo wangu, jipange utoke." Na ugomvi mkubwa zaidi ni na Serikali inayomwachia afanye hivyo.

Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia iwe kamili, ya haki na ilipwe kwa wakati. Kanuni za uthamini za 2001 zikaigawa mafungu: thamani ya soko, usumbufu, usafiri, makazi, faida ya biashara iliyopotea. Posho ya makazi hupatikana kwa kuchukua kodi ya soko na kuizidisha kwa miezi 36. Haya, tupige hesabu. Nyumba ya vyumba sita pale Chang'ombe, kila chumba shilingi 50,000 kwa mwezi, inazaa shilingi 10,800,000. Fedha ya kazi gani? Ya kumsitiri aliyepoteza pa kulala. Sasa aliyepoteza pa kulala ni nani? Mwenye nyumba analala kwake Kisasa, na usingizi wake haujaguswa. Waliokuwa wakilala humo ni kondakta, mwanafunzi wa UDOM na mama muuza mboga na wanawe. Lakini kwa mazoea ya tathmini zetu, jina linaloandikwa kwenye fomu ni la mwenye nyumba peke yake.

Posho ya usafiri ndiyo kichekesho. Inakokotolewa kwa gharama ya kusafirisha mzigo wa tani 12 umbali wa kilomita 20. Tani 12, jamani! Mpangaji wa chumba kimoja anahama na kirikuu: kitanda kilichofunguliwa, godoro, mtungi wa gesi, ndoo tatu, kabati la vyombo lililofungwa kamba, na juu yake mtoto kashikilia feni. Kirikuu hicho anakilipa kutoka mfukoni mwake. Posho inakwenda kwa mtu asiye na hata kijiko ndani ya nyumba ile.

Kwenye fremu ni dhuluma ya mchana kweupe. Fundi cherehani kalipa kilemba, kalipa kodi ya mwaka, kapiga rangi, kaweka grili, wateja wamemzoea. Kanuni zinatambua faida ya miezi 36 ya biashara iliyomo kwenye ardhi inayotwaliwa, ila zinataja hesabu zilizokaguliwa pale inapobidi. Hesabu za fundi wetu ziko kwenye daftari la shule, waliolipa kwa wino wa bluu, wenye madeni kwa mwekundu. Mthamini akifika anauliza fremu ni ya nani. Hapo fundi kaisha.

Shambani usiseme. Mtu kakodi ekari mbili kwa msimu, kapanda alizeti, kapalilia na mkewe, halafu mwenye shamba anajiandikisha yeye kudai fidia ya mazao. Kisa, ardhi yake.

Linaloniuma zaidi ni kwamba wenye nyumba wa Dodoma wanaijua vizuri hali hii. Tangu 1973 hadi Rais Magufuli alipoivunja Mei 2017, Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu (CDA) ndiyo iliyosimamia ardhi ya Dodoma, na wao wakapewa hati za miaka 33. Walilalamika kwamba wamegeuzwa wapangaji kwenye mji wao wenyewe, na walikuwa na haki. Leo kila mmoja wao ni CDA ndogo kwa watu sita waliomo vyumbani mwake.

Najua nitakachojibiwa: ukifungua mlango huo, watazuka wapangaji hewa. Tegesha tunaifahamu. Lakini wanaochomeka miche na kuinua ukuta wa tope usiku wakisikia mradi unakuja ni wenye maeneo, na hakuna aliyewahi kusema basi wenye maeneo wote wasilipwe. Tena mpangaji hafichiki. Makarani wa sensa walimkuta chumbani kwake Agosti 2022. Mwenyekiti wa mtaa anamjua. Na LUKU inamjua kuliko wote: tangu Agosti 2021 kodi ya majengo inakatwa kwenye umeme, wakati huo ikianzia shilingi 1,000 kwa mwezi, na anayenunua umeme ni yeye. Aliponung'unika, akaambiwa amalizane na mwenye nyumba. Kwa hiyo kwenye kutoa anaonekana, kwenye kupokea hayupo.

Benki ya Maendeleo ya Afrika, iliyokopesha fedha za barabara ya mzunguko wa nje ya kilomita 112.3 na za uwanja wa ndege wa Msalato hapa Dodoma, inataka kwa masharti yake hata asiye na haki ya ardhi, mpangaji akiwemo, atambuliwe na asaidiwe. Kwa nini basi Mtanzania akumbukwe tu pale sharti linapotoka kwa mkopeshaji?

Waziri wa Ardhi azifanyie marekebisho Kanuni za 2001. Fomu ya tathmini iwe na jina la mkaaji kando ya jina la mwenye nyumba. Kiwanja, ukuta na bati alipwe mwenye navyo. Posho ya makazi, usafiri na faida ya biashara iingie moja kwa moja kwenye simu au akaunti ya aliyekuwa akiishi na kufanya kazi pale. Mwenye nyumba atakayeona kaibiwa aende Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, akathibitishe kwamba alikuwa akilala vyumba vyote sita.